Neno "alisafiri" na dakika 11 za sauti: kisa cha filamu moja ya Wete

Kisa hiki kinahusu filamu ya makala iliyotengenezwa Wete, Pemba, na mjukuu juu ya bibi yake mzaa mama. Mimi nilikuwa mhariri wake. Ninakiandika kwa ruhusa ya wote wawili, bila ya kutaja majina, na yale ambayo hawakuruhusu yasemwe hayamo humu. Kiini chake ni dakika 11 za sauti zilizonaswa baada ya kamera kuzimwa. Vijana wanaoingia na kamera ndani ya nyumba za wazee wao, Unguja na Pemba, wanazidi kuwa wengi, na aghalabu wanafundishwa kupanga taa na kubana maiki kabla ya kufundishwa lolote kuhusu pale mzee anaposema: basi, zima.

Bibi huyu alikulia Utaani na kuolewa Limbani, anakoishi mpaka leo. Alipokuwa msichana wa miaka 16 au 17, kaka yake mkubwa alitoweka katika maisha ya nyumba ya baba yao, na tangu hapo habari zake zote zimesemwa kwa neno moja: alisafiri. Alisafiri kwenda wapi, kwa chombo gani, na kwa nini hakuleta hata salamu, hakuna mtoto aliyeambiwa, na hakuna aliyediriki kuuliza. Mdogo wao wa mwisho, ambaye mwongozaji anamwita Babu wa Muscat, ana habari nyingine. Yeye ni miongoni mwa Wazanzibari wengi waliokwenda Oman baada ya Sultan Qaboos kushika utawala mwaka 1970, na katika ujumbe wa sauti aliomtumia mjukuu wake kwa simu alisema kwa yakini kwamba kaka yao alikuwa Unguja usiku wa kuamkia Mapinduzi na kwamba aliuawa huko. Wakati huo yeye alikuwa na miaka mitano. Hakuwa akisema uongo. Alikuwa akisema kile ambacho mtoto wa miaka mitano alikiunga kutokana na vipande alivyovisikia kwa wakubwa waliokuwa wakizungumza kwa sauti ya chini, kisha akakaa nacho ugenini kwa zaidi ya nusu karne bila ya mtu wa kumsahihisha.

Mwongozaji alikwenda Wete msimu wa karafuu akiwa na lengo la kujua habari ipi ni ya kweli. Alimrekodi Bibi kwa siku sita, barazani kwake, huku Bibi akichambua karafuu mbichi, yaani akizitenga na makonyo yake, kazi ambayo mikono yake inaifanya bila ya macho. Mimi niliyepokea sauti zile nilidhani mwanzoni kwamba mlio ule mdogo wa karafuu kukonyoka, unaojirudia maelfu ya mara, ni kasoro ya kusafishwa. Nilikwisha kusafisha karibu saa nzima nilipogundua kwamba mlio ule una habari ndani yake. Bibi akizungumzia harusi, skuli au bei za karafuu za zamani, mkono unakwenda kwa mwendo mmoja. Akifika kwa kaka yake, mkono unaharakisha, na mara mbili katika siku sita ulisimama kabisa. Nilirejesha sauti yote kama ilivyokuwa.

Siku ya nne ndipo lilipotoka jambo lililobadilisha uchunguzi. Bibi alikuwa akieleza futari za nyumbani kwao, uji wa pilipili manga na muhogo wa nazi, akasema kana kwamba anapita njia: "Chungu ya mwanzo kafutari nasi, kaketi pale mlangoni." Chungu ya mwanzo ni siku ya kwanza ya kufunga. Mjukuu aliuliza ni Ramadhani ipi. Bibi akajibu kwamba ni ile iliyoingia baada ya Mapinduzi.

Kwa wasiozoea hesabu hii, inafaa kueleza uzito wake. Mapinduzi yalifanyika alfajiri ya Jumapili, 12 Januari 1964, katika siku za mwisho za Shaabani ya mwaka 1383 Hijria, na Ramadhani iliingia siku tatu au nne tu baadaye. Aliyefutari Wete chungu ya mwanzo ya mwezi ule hawezi kuwa miongoni mwa waliokufa Unguja alfajiri ile. Hata hivyo mwongozaji hakuharakisha kushangilia, na katika hili ninamsifu kwa dhati. Ramadhani ya mwaka uliotangulia nayo iliingia Januari, mwishoni mwa mwezi, na futari ya mwaka mmoja huweza kuhamia mwaka mwingine ndani ya kichwa cha mtu bila ya mwenyewe kujua. Kwa hiyo aliliacha suala la kaka, akauliza kuhusu bendera. Bibi alikumbuka vizuri bendera ya karafuu, nyekundu yenye duara la kijani na karafuu mbili katikati, na akasema kwamba siku ya futari ile ilikuwa imeshateremshwa. Bendera hiyo ilipandishwa siku ya uhuru, 10 Desemba 1963, na utawala ulioipandisha ukaanguka baada ya siku 33. Anayeikumbuka kuwa imekwishaondoka hazungumzii Ramadhani ya 1963. Na ile iliyofuata, ya Januari 1965, ilimkuta Bibi ameshaolewa, akifutari ukweni Limbani na si kwa baba yake Utaani. Imebaki moja tu.

Huu ni mfano mzuri wa namna ya kupima kumbukumbu bila ya kumdhalilisha mwenye kumbukumbu. Bibi hakuwahi kutaja tarehe hata moja katika siku zote sita. Nyaraka za Taifa pale Kilimani, ambako mwongozaji alikaa siku mbili, hazikumpa jina la kijana yule, na sishangai, kwani mtu wa kawaida huonekana katika makabrasha ya serikali pale tu alipoajiriwa, aliposhitakiwa au alipogombania shamba. Kalenda ya Bibi ilikuwa Ramadhani, harusi yake na bendera iliyodumu mwezi mmoja, na kalenda hiyo ilitosha.

Lakini ukweli mmoja ukishathibiti hufungua mlango wa pili. Kama kijana yule alikuwa hai Wete katikati ya Januari, basi neno "alisafiri" lilikuwa limesitiri jambo lililotokea baadaye, na lililotokea Pemba. Mapigano ya alfajiri ya Mapinduzi yalikuwa ya Unguja, katika maboma ya polisi ya Ziwani na Mtoni. Pemba haikupigana siku ile. Machungu yake yalikuja nyuma, katika miaka ambayo wazee wa kisiwani bado huiita siku za bakora. Wazee wengine waliohojiwa kwa ajili ya filamu walipozungumzia jamaa zao wa wakati huo walisema "kaitwa", "kachukuliwa", "hakurejeshwa". Kiswahili kinamwezesha mtu kumtaja aliyetendwa na kumwacha aliyetenda nje ya sentensi, na watu wa Pemba waliitumia nafasi hiyo kwa sababu walilazimika. Neno la Bibi halikuwa la namna hiyo. Anayesafiri hakutendwa jambo. Yeye mwenyewe ndiye mtendaji, amechukua mkoba wake na kwenda. Katika nyumba zote tulizozirekodi, ni nyumba ile tu iliyochagua neno lenye matumaini, na hilo lilitusumbua sote wawili kwa muda mrefu.

Siku ya sita mjukuu aliuliza waziwazi: "Bibi, alisafiri kwenda wapi?" Mkono ulisimama. Bibi akasema: "Leo basi, mwanangu. Hebu zima hicho." Mjukuu alizima kamera palepale, akaiweka chini, akaketi karibu naye. Kilichosahaulika ni kinasa sauti kidogo kilichokuwa mfukoni mwa gauni la Bibi, chenye waya wa maiki iliyobanwa kwenye mtandio. Hicho hakikuwa na taa inayoonekana. Kwa dakika 11 Bibi alimweleza mjukuu wake, na mjukuu peke yake, yale ambayo hakuwa amemweleza hata mtoto wake wa kumzaa. Hapakuwa na hila. Mwongozaji aligundua usiku alipokuwa akihamishia kadi kwenye kompyuta, akalia, kisha akanitumia faili pamoja na mengine yote. Hivyo nami niliyasikia maneno ya mwanamke mzee kabla ya mwenyewe kujua kwamba yamesikika.

Kuanzia hapo hadi Bibi alipoambiwa zilipita siku 24, na makosa yote makubwa ya kisa hiki yamo ndani ya siku hizo. Kosa la kwanza ni langu. Niliiweka sehemu ya sauti ile, sekunde 40, katika toleo la majaribio, juu ya picha ya baraza tupu. Nilijiambia kwamba ninajaribu tu. Mhariri anajua kwamba kitu kikishakaa mahali pake katika filamu na kikafaa, kukiondoa ni kama kung'oa jino zima, na ilifaa kupita kitu kingine chochote tulichokuwa nacho. Kosa la pili ni la mwongozaji, naye amekubali niliseme. Aliwaonyesha toleo lile watu watano wa taasisi moja ya nje iliyokuwa ikifikiria kuidhamini filamu. Hawakujua Kiswahili, walisoma tafsiri chini ya picha. Sehemu waliyoisifu ni ile ile. Wakashauri pia kwamba watazamaji wa kwao hawatafahamu kilichotokea Zanzibar bila ya kuonyeshwa, na kwamba ziongezwe picha zilizopigwa kutoka angani Januari 1964, zile zinazojulikana ulimwenguni kutokana na filamu ya Waitaliano, Africa Addio, ya mwaka 1966.

Pendekezo hilo la pili tulilikataa bila ya kusita. Picha zile ni za Unguja, zimepigwa na watu waliokuwa juu, ndani ya chombo, na wanaoonekana chini hawana majina wala nyuso. Zikiwekwa baada ya neno la Bibi, zingesema kwamba kaka yake ni mmoja wao, jambo ambalo Bibi hakulisema na ambalo chungu ya mwanzo ilikwisha kulikanusha. Ni ajabu kwamba tuliona upesi ubaya wa kutumia picha za wageni, tukachelewa kuona ubaya wa kutumia sauti ya mwenyeji.

Hoja za kuitumia sauti ile zilikuwapo, na si haki kuzipita. Bibi alikuwa ametia saini fomu ya ridhaa siku ya kwanza, na fomu ilisema picha na sauti zote. Vibali vya Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni vilikuwa sawa. Zaidi ya hayo, na hii ndiyo hoja iliyonielemea mimi, wazee wa kizazi kile wanaondoka mmoja mmoja, ziko familia nyingine Wete ambazo hazijui jamaa zao waliishia wapi, na maneno ya Bibi yangeweza kuwapa walau fununu. Si hoja nyepesi. Mpaka leo sidhani kwamba nimeijibu yote.

Lakini fomu ile ilisainiwa na mtu aliyejua atasema nini. Aliposema "zima", Bibi aliiondoa ridhaa yake kwa lugha iliyo wazi kuliko ya fomu yoyote, na kifaa kilichosahaulika mfukoni hakiwezi kuirudisha. Pia, hata kama Bibi angekubali, ridhaa yake peke yake isingetosha. Ndani ya dakika zile ametajwa mtu mwingine, marehemu, ambaye wajukuu zake wanaswali msikiti mmoja na wajukuu wa Bibi. Ardhi ilipotaifishwa na eka tatu tatu kugaiwa kwa wakulima, sehemu ya shamba la baba yake Bibi ilikwenda kwa familia ya mtaa wa pili. Kwa nyumba moja shamba lile ni kidonda. Kwa nyingine ni mwaka wa kwanza ambao mzee wao alichuma karafuu zilizokuwa zake mwenyewe. Familia hizi zimezikana na kuoana tangu hapo. Mwongozaji alikuwa amezirekodi nyumba zote mbili kwa uadilifu, na sekunde 40 za sauti ya siri zingeugeuza uadilifu ule kuwa mtego kwa watu waliomkaribisha chai.

Liko na suala la mirathi, ambalo sisi wawili hatukulifikiria hata kidogo mpaka mama yake mwongozaji alipolitaja kwa sababu nyingine kabisa. Katika sheria ya Kiislamu, mrithi aliyepotea huwekewa fungu lake mpaka kifo chake kithibiti au kadhi akihukumu. Baba yao alipofariki, fungu la kijana yule liliwekwa kando, nalo ni mikarafuu kadhaa iliyobaki kwa familia. Babu wa Muscat kwa miaka mingi ametaka ligawiwe. Bibi amekuwa akikataa kwa jibu lile lile, kwamba mwenyewe kasafiri. Kumbe neno tulilolichukulia kuwa ni la kumbukumbu lilikuwa pia likishikilia mali. Kulivunja mbele ya watazamaji kungekuwa ni kufungua kesi ya nyumba ambayo wenyewe hawajaamua kuifungua.

Siku ya 25 mwongozaji alikwenda Wete bila ya kamera. Alimweleza Bibi kila kitu, akampa hedifoni, akamwachia asikilize kuanzia mwanzo hadi mwisho. Nilitarajia, kama nilivyofundishwa, kwamba atakasirikia zaidi wale wageni watano. Swali lake la kwanza lilikuwa: "Mmesikia wangapi?" Mjukuu akahesabu: yeye, mimi, na wale watano. Bibi akasema: "Hao hawanijui. Nyinyi mnanijua." Hakuongeza neno kwa muda mrefu.

Maneno hayo yalinifundisha jambo ambalo sikulipata katika kozi yoyote. Sisi tunaofanya kazi hii tumezoea kupima madhara kwa idadi ya watazamaji, tukidhani kwamba siri iliyosikika na mmoja haijaharibika sana. Kwa Bibi kipimo kilikuwa ukaribu. Mgeni aliyesoma tafsiri huko kwao hana baraza ya kukaa naye. Mjukuu wake atamtazama kesho asubuhi akijua, na mimi, ambaye nimekula kwake, nitaingia mlangoni nikijua. Sitara imeondoka palepale ilipokuwa na kazi.

Kuhusu faili, alitoa maagizo mawili. Mimi nifute, na nilifuta, pamoja na toleo la majaribio na kila nakala iliyotokana nalo. Mjukuu abaki na nakala moja kama amana, isichezwe wala isinakiliwe. "Mama yako akija kuniuliza mwenyewe, nitamwambia mwenyewe," alisema. Mwongozaji aliwaandikia wale wa taasisi kwamba sehemu waliyoipenda imeondolewa na haitarudi. Udhamini haukupatikana, na filamu ilimalizika kwa fedha kidogo na kwa muda mrefu zaidi.

Asubuhi iliyofuata, Bibi ndiye aliyeuliza kamera iko wapi. Ilibidi iazimwe Chake Chake. Hakusema kaka yake alikwenda wapi, wala hakuulizwa tena. Alisema neno lilitoka wapi. Mama yao, alieleza, hakukubali kuweka matanga kwa mtoto ambaye hakuna aliyemwona akizikwa. "Ukisema kafa, utaweka matanga. Ukisema kasafiri, unamwekea sahani." Neno lile walilitunga wao watoto wakubwa, kwa ajili ya mama, na wakaapizana kulishika maadamu yu hai. Sahani iliwekwa kila Ramadhani mpaka mama alipofariki, na baada ya hapo, Bibi alisema, hakuna aliyejua namna ya kuliacha.

Tulikuwa tumetumia miezi kulivunja neno kama kufuli, na halikuwa kufuli. Babu wa Muscat alitumiwa sehemu hiyo kabla ya mtu mwingine yeyote kuiona, kwa kuwa alikuwa na haki hiyo na kwa kuwa tulikwisha kujifunza. Alijibu kwa ujumbe mfupi wa maandishi, yeye asiyependa kuandika: anaikumbuka sahani, alidhani ni ya maskini atakayepita.

Filamu inamalizikia hapo. Ni sahani ya bati yenye maua mekundu, imemomonyoka rangi ukingoni. Bibi anaitoa kabatini, anaipangusa kwa ncha ya kanga, anaigeuza mara moja kuutazama upande wa chini, kisha anairudisha mahali pake, chini ya nyingine zote.